Bibi Hodi na Chaki ya Bluu

Kila asubuhi, kabla cherehani ya mwanawe haijaanza kulia, Bibi Hodi alisimama kwenye kilango cha bustani akabisha.

"Hodi!"

Nyanya hazikujibu. Hakuna nyanya iliyowahi kumkaribisha mtu. Basi Bibi Hodi alijijibu mwenyewe, kwa sauti nyembamba. Kwa maoni yake, hiyo ndiyo sauti ya nyanya.

"Karibu, Bibi!"

"Ahsanteni, wanangu."

Ndipo akaingia.

Ndiyo sababu mtaa mzima ulimwita Bibi Hodi. Jina lake la kweli lilikuwa kwenye kitambulisho. Kitambulisho kilikuwa ndani ya sanduku. Ufunguo wa sanduku ulipotea zamani, na hakuna aliyeona haja ya kuutafuta.

Bustani ilikuwa nyuma ya nyumba. Ilikuwa na mistari kumi ya nyanya, na kila mstari ulikuwa na miche ishirini. Kila mche ulifungwa kwenye kijiti kwa ukanda wa kitambaa. Huu ulivaa maua. Ule ulivaa mistari. Mwingine ulivaa kipande cha sare ya shule, ukasimama wima kama uko kwenye gwaride.

Vitambaa hivyo vilitoka kwa mwanawe. Yeye alikuwa fundi cherehani, na alikuwa mwembamba, kwa hiyo watu walimwita Sindano. Aliyebuni jina hilo hakutoka jasho.

Ndani ya bustani, Bibi Hodi alikuwa na utaratibu wake. Kwanza alitoa kopo dogo la ugoro, ile tumbaku ya kusagwa. Alichukua kidogo kwa vidole viwili akapeleka puani. Alipiga chafya tatu, na mtaa ukajua kumekucha. Kisha alianza kusalimia.

Hakusalimia kwa mdomo tu. Alishika majani. Aliyapapasa, akayageuza, akatazama chini yake. Alivunja vichipukizi vya pembeni kwa kucha.

"Hujambo wewe? Umerefuka. Na wewe, mbona umenuna? Nani kakuudhi?"

Salamu zake zilikuwa na mpangilio usiobadilika. Mche unaoonekana dhaifu ulisalimiwa kwanza.

"Naanza na wagonjwa," alisema. "Wazima watanisubiri. Nimefundishwa adabu mimi."

Sindano alimtazama kupitia dirishani, akiwa ameinama kwenye cherehani. Siku moja alimtazama mno, akashona mguu wa suruali ya mteja ukafungika kabisa chini. Lakini hakujuta. Alipenda kumwona mama yake akiwa pale.

Miaka miwili nyuma, baba yake Sindano alifariki. Bibi Hodi alilala akaugeukia ukuta. Alikula akiwa ameugeukia ukuta. Aliitikia salamu akiwa ameugeukia ukuta. Miezi minne ilipita hivyo. Siku moja Sindano alileta kopo lenye miche sita ya nyanya, akaliweka karibu na kitanda. Siku ya tatu mama yake aligeuka.

"Hii ina kiu," alisema kwa hasira. "Nyumba hii haina watu?"

Akainuka kwenda kutafuta maji, na hakurudi tena ukutani. Miche sita ilizaa bustani nzima. Kwa hiyo Sindano aliziheshimu nyanya kuliko mtu anavyopaswa kuheshimu mboga.

Msimu huu, nyanya zilianza kubadilika.

Mkewe Sindano ndiye aliyesema kwanza kwa sauti. "Mume wangu, njoo uone majani haya."

Majani yalikuwa na mabaka. Hapa kijani kilichokolea, pale kijani kilichopauka, kama nguo iliyochujuka rangi kwenye beseni. Majani mapya yalikuwa membamba na yamejikunja kama kamba za viatu.

"Mimi nimeyaona tangu juzi ya juzi," alisema Bibi Hodi. "Hawa watatu wa mwanzo wanaumwa. Nawashughulikia."

Alizidisha huduma. Alianza kuwasalimia mara mbili kwa siku, asubuhi na jioni. Aliwapapasa muda mrefu zaidi. Baada ya wiki moja, wagonjwa watatu wakawa tisa. Baada ya wiki tatu, mstari wa kwanza na wa pili yote ilikuwa na mabaka. Miche ilidumaa. Vitunda vilivyotokea vilikuwa vidogo, vyekundu upande mmoja na vya njano upande mwingine.

"Ni wadudu," mkewe Sindano aliamua. Alinunua dawa ya wadudu, akafunga kitambaa usoni, akapuliza. Wadudu walikufa. Ugonjwa haukufa.

Jirani yao, Kinyozi, alichungulia juu ya uzio. Yeye naye alikuwa na miche hamsini ya nyanya.

"Sindano! Nani kazinyoa nyanya zako vibaya hivyo?"

"Cheka tu. Za kwako zikoje?"

Kinyozi aliacha kucheka. "Saba zimeanza mabaka. Na mama yako anakuja kunisaidia kila siku, Mungu ambariki."

Siku hiyo Sindano alifunika cherehani akaenda ofisi ya kilimo.

Kesho yake, mtu alibisha mlangoni. "Hodi hapa!"

Bibi Hodi alifurahi. Alipenda watu wanaobisha. "Karibu! Ni nani?"

"Bibi shamba."

Bibi Hodi alisimama polepole, akatoka nje. Mlangoni alisimama msichana mwenye baiskeli na buti za mpira. Hakuwa na zaidi ya miaka ishirini na mitano.

"Bibi wa shamba gani?" aliuliza Bibi Hodi.

"La hapa. Shikamoo, bibi. Mimi ni mtaalamu wa kilimo. Nimeitwa kuangalia nyanya."

"Marahaba. Shamba la hapa lina bibi tayari, naye ni mimi. Wewe umekuwa bibi lini, na meno yote yamo mdomoni?"

"Ni jina la kazi tu, bibi. Nyumbani kwetu mimi ndiye kitinda mimba."

"Basi hapa utaitwa Mtoto Shamba. Nyumba haiwezi kuwa na mabibi wawili wa shamba moja. Ingia."

Mtoto Shamba aliingia bustanini akiwa ametia mikono mfukoni. Alitembea mstari kwa mstari. Aliinama, alichuchumaa, alitazama kwa makini. Lakini hakugusa hata jani moja.

Bibi Hodi alimnong'oneza mkwewe, kwa mnong'ono uliosikika hadi kwa Kinyozi. "Daktari gani huyu hamgusi mgonjwa? Wamemtuma asiye na moyo."

Mtoto Shamba alisikia. Alikuwa akimtazama Bibi Hodi, ambaye wakati huo huo alikuwa akimpapasa mgonjwa wa kwanza, kisha wa pili, kisha akapiga hatua hadi mstari wa nne kumsalimia mzima. Mtoto Shamba alishusha pumzi ndefu. Akamwomba Sindano wazungumze ndani.

Chumba cha kushonea kilikuwa kidogo. Mgeni alikaa juu ya rundo la vitambaa.

"Huu ni ugonjwa wa mabaka," alisema. "Wengine wanauita batobato. Unaletwa na virusi. Ni vidogo mno, huwezi kuviona kwa macho. Vinaishi ndani ya maji ya mmea, kwenye jani, shina na mzizi."

"Dawa yake?"

"Hauna dawa. Mgonjwa haponi tena. Kazi yetu ni kumzuia asiwaambukize wenzake."

"Anawaambukizaje? Nyanya hazitembei."

"Hapo umeuliza vizuri," alisema Mtoto Shamba. "Magonjwa ya mimea yana njia nyingi. Mengine yanapanda upepo. Mengine yanaruka na matone ya mvua kutoka kwenye udongo hadi kwenye jani. Mengine yanabebwa na wadudu, au yanajificha ndani ya mbegu. Lakini huu wa kwenu ni mvivu. Hauruki. Unakaa unasubiri kubebwa. Ukishika jani gonjwa, maji yake yanabaki mkononi. Ukishika jani zima, unavunja vinywele vyake vidogo bila kujua. Virusi vinaingia pale pale. Nani anashika nyanya hizi?"

"Mama."

"Kila siku?"

"Mara mbili."

"Anaanzia wapi?"

"Kwa wagonjwa."

Mtoto Shamba alifumba macho, kama mtu aliyeumwa na siafu akiwa mbele ya mkuu wa shule.

"Tena nimeliona kopo lake la ugoro," alisema alipoyafumbua. "Virusi hivi vinapenda tumbaku. Hata ikikaushwa na kusagwa, vinaweza kubaki hai ndani yake. Anatoka kwenye kopo, anakwenda kwenye jani."

"Kwa hiyo ni mama," alisema Sindano kwa huzuni.

"Ngoja. Na vitambaa vile vya kufungia?"

Sindano alikaa sawa, kwa fahari. "Ni vyangu! Msimu ukiisha nafungua, naweka kwenye ndoo, natumia tena. Sitaki uharibifu."

"Msimu uliopita, kulikuwa na miche yenye mabaka?"

Sindano alifikiri. "Miwili tu."

"Basi ulivitunza virusi kwenye ndoo."

Fahari ya Sindano iliondoka kimya kimya. Aliuliza kwa sauti ndogo, "Mtu akila nyanya za mche mgonjwa, anaumwa?"

"Hapana. Virusi hivi havimdhuru mtu. Vinamdhuru mkulima kwa kumnyima mavuno. Mwambie mama yako leo."

"Mwambie wewe."

"Mimi ni Mtoto Shamba. Atanisikiliza?"

Ndipo Sindano alimweleza habari ya ukuta. Alieleza miezi minne na kopo lenye miche sita. "Nikimwambia mikono yake ndiyo inaua nyanya," alisema, "atarudi ukutani. Safari hii sina kopo la kumtoa."

"Mimi sitaki aache bustani," alisema Mtoto Shamba. "Aliona mabaka kabla yenu nyote. Macho kama yale tunayatafuta. Mikono ndiyo inahitaji sabuni. Nitarudi keshokutwa. Mpaka wakati huo awe amejua."

Sindano alikuwa shujaa kwa mambo mengi. Aliwahi kumfukuza nyoka kwa mti wa kupimia nguo. Aliwahi kumwambia askari kwamba amenenepa. Lakini mchana huo alimwendea mama yake mara tatu, na mara tatu alishindwa.

"Mama..."

"Nini, baba?"

"Nikuletee chai?"

Kufikia jioni, Bibi Hodi alikuwa amekunywa vikombe vitatu vya chai. "Mtoto huyu ana nini leo?" aliuliza. "Anataka nioge kwa chai?"

Sindano alirudi kwenye meza yake akiwa mnyonge. Alichukua chaki ya bluu, akachora mstari kwenye suruali. Kisha akashika shati jeupe la mteja. Alipoondoa mkono, alama ya vidole vitano ilibaki shatini, ya bluu, wazi kabisa.

Kwa kawaida angepiga kelele. Safari hii alikaa akiitazama ile alama kwa muda mrefu. Kisha akachukua chaki zote alizokuwa nazo, akazitwanga.

Asubuhi iliyofuata, aliamka kabla ya mama yake. Alinyunyiza ule unga wa bluu kwenye wagonjwa watatu wa mwanzo tu. Akarudi ndani, akakaa kwenye cherehani, akajifanya anashona. Hakuwa ametia uzi.

"Hodi!"

"Karibu, Bibi!"

Chafya tatu. Kisha salamu zikaanza. Macho ya Bibi Hodi yaliona mabaka upesi, lakini chaki yenye umande juu ya jani lililopauka haikumshtua. Alidhani ni dawa ya mkwewe. Alipapasa wagonjwa, akaenda kwa wazima, mstari kwa mstari. Kisha akavuka hadi kwa Kinyozi kumsaidia, kama kawaida. Aliporudi, alimkuta mwanawe amesimama kwenye kilango.

"Mama," alisema Sindano, na safari hii hakutaja chai. "Chaki hii niliinyunyiza kwa wale watatu wa kwanza. Watatu tu. Sasa tazama."

Bibi Hodi alitazama.

Bluu ilikuwa mstari wa kwanza. Bluu ilikuwa mstari wa pili, wa tatu, wa nne. Ilipungua kidogo mstari wa saba, lakini ilikuwepo. Bluu ilikuwa kwenye komeo la kilango, kwenye kopo la ugoro, kwenye uzio wa Kinyozi na kwenye nyanya za Kinyozi. Ilikuwa kwenye ncha ya pua yake mwenyewe, ingawa hiyo hakuiona. Mwisho aliitazama mikono yake.

"Ugonjwa unasafiri hivi?" aliuliza.

"Hivi hivi, mama. Tofauti ni kwamba ugonjwa hauna rangi. Lakini si wewe peke yako. Vitambaa vyangu vya mwaka jana ndivyo..."

Bibi Hodi hakungoja amalize. Aliingia ndani. Sindano alisikia kitanda kikilia. Alichungulia mlangoni, na moyo wake ukashuka hadi kwenye ndala. Mama yake alikuwa amelala, ameugeukia ukuta.

Siku hiyo Sindano alishona mkono wa blauzi mahali pa shingo. Jioni hapakuwa na salamu bustanini. Asubuhi iliyofuata hapakuwa na hodi, wala chafya. Kinyozi alichelewa kufungua duka, kwa sababu hakujua kama kumekucha.

Sindano aliingia chumbani, akaketi pembeni mwa kitanda.

"Kinyozi ana miche mingapi?" iliuliza sauti kutoka ukutani.

Sindano alishtuka. "Hamsini, mama."

"Niliishika yote?"

"Sijui."

"Niliishika ishirini na mitano, ya upande wetu. Fundi viatu ana thelathini na miwili. Hiyo niliipogoa yote Jumanne, kwa mkasi wako. Yule mama wa kona ana minane, kwenye makopo. Nilimpelekea mche mmoja kutoka mstari wa kwanza, kama zawadi. Zawadi!"

"Mama, hujalala?"

Bibi Hodi aligeuka. Macho yake yalikuwa makavu na makali. "Nilale na nini? Nahesabu watu niliowapelekea ugonjwa. Nahesabu tangu jana. Nimegeukia ukuta kwa sababu nikiitazama sura yako napoteza hesabu. Umekaa kama kuku aliyenyeshewa."

Sindano alitaka kucheka, akajikuta anafuta macho. Kisha akaona mikono ya mama yake. Ilikuwa bado ya bluu.

"Mbona hujanawa?"

"Naenda kwao hivi hivi. Nikiwaambia kwa maneno, watabisha. Watasema Bibi Hodi amezeeka. Bluu hii hawataibishia. Nipishe."

Alitoka. Alitembea katikati ya njia akiwa ameinua mikono yote miwili juu, asiguse mtu wala kitu. Sindano alimfuata nyuma. Hakuwahi kumwona mama yake akiwa mrefu namna ile.

Kwa Kinyozi kulikuwa na wateja watatu. Bibi Hodi alisimama mlangoni.

"Hodi. Siingii. Nimekuja kusema. Mikono hii ndiyo iliyokuletea mabaka kwenye nyanya. Nilikuwa nashika wagonjwa wangu, kisha nashika wazima wako. Sikujua, lakini nimefanya. Usizishike. Mtaalamu anakuja leo, atakuonyesha. Naomba radhi."

Kinyozi alisimama na mashine mkononi, ikiendelea kunguruma hewani. Mteja wa kwenye kiti, aliyenyolewa nusu, hakuthubutu kupumua.

"Bibi," alisema Kinyozi mwishowe, "mimi nikitoka kichwa kimoja kwenda kingine, nasafisha mashine kwa spiriti. Miaka kumi nafanya hivyo. Na jioni naingia bustanini natoka mche hadi mche kwa mikono mitupu. Sikufikiria nyanya nazo ni vichwa!"

"Sasa ujue."

"Nimejua. Na huna la kuniomba radhi, bibi. Ni mimi niliyekuita unisaidie, huku nimekaa napunga upepo."

Bibi Hodi alikwenda kwa fundi viatu. Akaenda kwa mama wa kona, akamwambia aung'oe mche wa zawadi. Kila mlango alisema maneno yale yale, bila kupunguza. Aliporudi nyumbani, aliomba maji, sabuni na mkwewe wa kummiminia. Alinawa hadi viwiko. Povu lilikuwa la bluu, kisha jeupe.

Mtoto Shamba alipofika, alimkuta Bibi Hodi amekaa kwenye kilango akimngoja.

"Mtoto Shamba, nipe kazi."

Kazi ilianza. Vitambaa vyote vya zamani vilifunguliwa vikachomwa. Sindano alikata vipya. Mkasi uliosafishwa kwa sabuni ulichemshwa sufuriani dakika ishirini, na mkewe Sindano akauliza kama utiwe chumvi.

"Wagonjwa wang'olewe pamoja na mizizi," alieleza Mtoto Shamba. "Msiwaburute kupita kwa wazima. Gunia liwafuate walipo. Kisha wachomwe mbali na bustani. Msiwatupe kwenye shimo la mboji, maana mnaweza kuwarudisha wenyewe kwa koleo."

"Nitang'oa mimi," alisema Bibi Hodi.

"Bibi, vijana wapo."

"Nitang'oa mimi. Mimi ndiye ninayewajua."

Waling'olewa arobaini na mmoja. Kila mmoja aliagwa. "Kwaheri. Ulijitahidi. Kwaheri na wewe. Wewe ulikuwa mbishi tangu mdogo, kwaheri." Mtoto Shamba alishika gunia wazi, akasimama wima hadi mwisho, na hakucheka hata mara moja. Baadaye alimwambia Sindano kwamba amefanya kazi kwenye mashamba mengi, lakini hajawahi kuona wagonjwa wakitolewa kwa usafi na heshima namna ile.

Yalibaki mambo mawili magumu.

"Ugoro, niuache?" aliuliza Bibi Hodi.

"Kwa afya yako ingefaa, bibi. Kwa afya ya nyanya, usiingie nao. Kopo libaki nje. Ukivuta, unanawa kwa sabuni."

Msumari ulipigiliwa nje ya kilango, kopo likatundikwa ndani ya kifuko. Chafya zikahamia barabarani. Baada ya wiki mbili, Bibi Hodi aliacha ugoro kabisa. Alisema kunawa kila mara kunamchosha, na nyanya hawezi kuziacha, kwa hiyo kimojawapo kilibidi kiondoke.

Jambo la pili lilikuwa gumu zaidi.

"Kuanzia leo, wazima kwanza," alisema Mtoto Shamba. "Ukiona mche wenye shaka, uufikie mwisho. Kisha sabuni."

"Mgonjwa asalimiwe mwisho?" Bibi Hodi alishika kiuno. "Wataniona sina adabu!"

Mtoto Shamba aligeuka, akazikabili nyanya mia moja hamsini na tisa zilizobaki. Alikohoa kidogo.

"Ndugu nyanya," alisema kwa sauti ya mkutano. "Bibi yenu hajabadilika. Amri imetoka ofisini. Lawama zote nileteeni mimi."

Bibi Hodi alimtazama kuanzia buti hadi kichwani. "Huyu mtoto," alimwambia mkwewe, "ana moyo."

Wiki iliyofuata, miche mingine kumi na mmoja ilionyesha mabaka. Bibi Hodi aliiona yeye kwanza, ikang'olewa siku hiyo hiyo. Wiki ya pili ilikuwa mitatu. Wiki ya tatu hakukuwa na hata mmoja. Sindano alipita mistari yote kuhakikisha, mikono mfukoni kama alivyofundishwa.

Miche mia moja arobaini na mitano ilizaa. Nyanya ziliiva nyekundu pande zote, ngumu na nzito, hadi vijiti vikainama na Sindano akaongeza vitambaa. Kinyozi naye alivuna. Fundi viatu alipoteza nusu ya miche yake, akavuna nusu, na ndoo ya kwanza akaileta kwa Bibi Hodi.

Mbegu za miche iliyougua hazikuhifadhiwa. Msimu uliofuata, mahali pale palipandwa mahindi na maharage, kwa sababu mabaki ya mizizi yanaweza kutunza virusi ardhini, na hata pilipili ikipandwa pale ingeweza kuvipata kama nyanya. Nyanya mpya zilihamia upande wa pili wa nyumba.

Kwenye kilango kipya, Sindano alitundika dumu la maji lenye bomba, na sabuni iliyofungwa kwa ukanda wa kitambaa cha maua. Mtu yeyote akibisha hodi, Bibi Hodi hakusema tena "Karibu" papo hapo. Aliuliza kwanza:

"Umenawa?"

Ukisema "Nimenawa," unaambiwa "Karibu." Ukikaa kimya, unaonyeshwa dumu. Kinyozi aliichukua salamu hiyo akaipeleka kwake. Fundi viatu akaichukua. Siku moja Mtoto Shamba aliisikia kwenye bustani iliyo mbali, kwa watu wasiomjua Bibi Hodi kabisa. Alisimamisha baiskeli, akaisikiliza tena ili awe na hakika.

Na asubuhi moja, Sindano alikuwa kwenye cherehani, dirisha wazi. Alisikia maji yakimwagika kutoka kwenye dumu. Alisikia mikono ikisuguana. Kisha akasikia:

"Hodi!"

Kabla mama yake hajavuta sauti ile nyembamba, Sindano alibana pua yake akajibu kutoka dirishani.

"Umenawa?"

Sindano alijiandaa kukimbia.

Bibi Hodi aligeuka polepole. Aliinua mikono yote miwili juu, mbele na nyuma, ikichuruzika maji.

"Nimenawa, wanangu," alisema.

"Karibu, Bibi Shamba."

Akaingia, akaanza na wazima.